Schloß Vogelöd: muvi ya 1921 inayowaumbua wanaohukumu kwa uvumi

Ukimtaja F. W. Murnau, yule mwongozaji wa muvi wa Kijerumani, watu wanakimbilia Nosferatu ya 1922, muvi yake ya mnyonya damu mwenye kucha ndefu, na sikatai, ile ni kazi kubwa, ila mwaka mmoja kabla yake, Aprili 1921, alitoa Schloß Vogelöd na mimi naona inaonewa sana. Wanaoiponda wanasema imepoa, watu wamekaa tu ndani wanaangaliana. Sasa huko kuangaliana si ndo muvi yenyewe!

Iko hivi. Mamwinyi wa Kijerumani wamealikwa kwenye kasri la Vogelöd kuwinda, mvua inanyesha haikatiki, uwindaji umekufa, wamebaki kuvuta sigara na kupiga soga. Mara anaingia Graf Oetsch (Graf ni cheo cha kimwinyi), hakualikwa, na kila mtu pale ukumbini ana uhakika kwamba ndo alimuua ndugu yake Peter Paul. Mbaya zaidi mjane wa marehemu naye anakuja, kashaolewa na Baroni Safferstätt. Kuna jaji mstaafu hapo hapo, mtu wa sheria kabisa, na yeye ndo yuko mstari wa mbele kuusambaza umbea!

Muvi haina sauti, kwa hiyo chuki yote unaiona kwa macho, kwenye mabega na migongo anayogeuziwa mtu. Lothar Mehnert anayecheza Oetsch hahamaki wala hajitetei sana, anasimama tu wima, na jinsi anavyotulia ndo wanazidi kumuona muuaji. Sisi tunasema lisemwalo lipo, na tumeshawaharibia watu wangapi maisha kwa maneno hayo mawili, mtaani, kwenye magrupu ya WhatsApp, popote.

Anayesubiri kuogopeshwa na mzimu hataupata. Cha kutisha kipo kimoja, ndoto ya yule mgeni mwoga (Julius Falkenstein), dirisha linafunguka, mkono wenye kucha ndefu unaingia na kumburuta kutoka kitandani, sekunde chache tu, na ukishaiona Nosferatu unajua hizo kucha zilikuwa zinaelekea wapi, tena mpigapicha ni yule yule, Fritz Arno Wagner. Mimi hicho kipande nakipenda kwa sababu mkono ule umetengenezwa na hofu ya wale watu wenyewe, hakuna jini aliyeutuma.

Sasa naenda kusema mwisho, imepita zaidi ya miaka 100, tusamehane. Muuaji ni Baroni. Mjane, anayechezwa na Olga Tschechowa, anamuungamia Padre Faramund aliyetoka Roma kwamba mumewe wa kwanza aliikacha dunia akazama kwenye mambo ya kiroho, yeye akachoka na wema usioisha mpaka siku moja akamwambia Safferstätt anatamani kuona kitu kiovu, na jamaa akaenda akaua kweli. Baada ya hapo wakaoana, ndoa imefungwa na damu, hakuna mapenzi wala amani. Carl Mayer aliyeandika hii skripti kutoka kwenye riwaya ya Rudolf Stratz alijua binadamu.

Na huyo padre? Ni Oetsch mwenyewe kajibadilisha, kavaa ndevu na kanzu. Hapa ndo moyo wangu unagawanyika. Namwonea huruma, kachafuliwa jina na hakuna mtu hata mmoja aliyekuwa tayari kumsikiliza, lakini kuchukua maungamo ya mtu kwa kujifanya padre ni jambo zito sana, yule mama alifungua moyo mbele ya Mungu, hakuwa mahakamani. Baroni anajipiga risasi. Ndo kwanza Padre Faramund wa kweli anafika, na muvi inapita haraka hapo kana kwamba yameisha, wakati mimi ningependa kumwona Murnau akibaki kwenye nyuso za wale wageni, hasa yule jaji, maana hakuna hata mmoja wao ninayemwona akimuomba Oetsch msamaha.