Dawa ya nyasi ihukumiwe kwa kesi yake yenyewe

Kila masika yanapokolea mkoani Tanga, na palizi ya kwanza ikaanza kuwaelemea watu kuanzia Mkinga hadi Handeni, hurudi hoja ile ile vijijini na kwenye maduka ya pembejeo: kwamba dawa ya magugu ni dawa ya magugu, zote huua ardhi, na mkulima mdogo aliyelelewa na jembe hana sababu ya kuzigusa. Hoja hiyo ina watu makini nyuma yake, na kwa baadhi ya dawa ina ukweli mwingi. Kilichokosewa, kwa maoni yangu, ni kuzitia zote kapu moja, kwa sababu ndani ya kapu hilo limo kundi moja, yaani viuagugu vinavyoua magugu ya jamii ya nyasi na kuliacha zima zao la majani mapana, ambalo limehukumiwa bila kusikilizwa.

Mkanganyiko ulikoanzia hakufichiki. Dawa iliyozoeleka zaidi ni glaifoseti, ambayo huua karibu kila mmea wa kijani inaougusa, na ambayo mwaka 2015 wakala wa utafiti wa saratani ulio chini ya Shirika la Afya Duniani uliiweka katika kundi la vitu vinavyoelekea kusababisha saratani kwa binadamu. Mamlaka nyingine za udhibiti, ikiwamo ya Marekani, hazikukubaliana na hitimisho hilo, na msomaji anaujua ubishi uliofuata. Lakini dawa za kundi hili la nyasi, yaani fluazifopu, haloksifopu, kwizalofopu na kletodimu, hazina udugu wa kikemia na glaifoseti wala hazifanyi kazi kwa njia yake, na ushahidi uliotolewa dhidi ya ile haugeuki kuwa ushahidi dhidi ya hizi. Zina kasoro, tena moja au mbili nzito, ila ni kasoro zake zenyewe.

Kila mmea hujitengenezea asidi za mafuta kwa ajili ya utando wa seli zake, na kazi hiyo huanzishwa na kimeng'enya kimoja. Katika nyasi kimeng'enya hicho kina umbo ambalo dawa hizi hulishika na kulizima. Katika kunde, choroko, maharage, karanga, ufuta, alizeti na mihogo kina umbo jingine, na dawa haipati pa kushika. Ndiyo maana bomba linaweza kupitishwa juu ya kunde zilizovamiwa, majani ya kunde yakalowa sawasawa na ya nyasi, na kunde zikaendelea kukua. Nyasi husimama kukua ndani ya siku mbili hivi, lakini kwa macho hubaki za kijani karibu wiki nzima, jambo linalowafanya wengi waamini wameuziwa maji. Anayetaka kujua mapema hushika jani changa la katikati, lile ambalo bado limejiviringa, na kulivuta taratibu. Kama dawa imefika, jani huchomoka bila ubishi, na ncha yake ya chini huwa laini, ya kahawia, imeoza, kwa kuwa sehemu ya kukulia iliyofichwa ndani ya shina ndiyo hufa kwanza. Majani ya nje hufuata baadaye, yakigeuka manjano na mengine rangi ya zambarau.

Maelezo haya yana uzito kwa sababu ya sangari. Mtu asiyepata kulima shamba lenye sangari au ukoka hudhani palizi ni suala la bidii tu: ukilima vizuri, magugu yataisha. Nyasi hizi mbili haziishi kwa jembe. Sangari hutambaa kwa vishina vilivyo chini ya ardhi, vyembamba, vyeupe, vyenye pingili, na kila pingili ina jicho. Jembe likikata kishina vipande vinane, na kila kipande kikabaki na jicho lake, kinachofuata baada ya mvua ni machipukizi manane pale lilipokuwapo moja. Wakati wa kiangazi vipande hivyo vingekaushwa na jua, lakini palizi ya masika hufanyika udongo ukiwa umelowa, kwa hiyo mpalizi, kwa jasho lake mwenyewe, anakuwa anapanda upya kile alichokusudia kukiua. Dawa ya nyasi husafiri ndani ya mmea pamoja na sukari inayotoka kwenye majani, na hufika kwenye macho ya vishina vya chini ambako jembe halifiki. Haifanyi miujiza. Ukoka hasa huhitaji kiwango cha juu cha lebo na mara nyingi kurudiwa baada ya kuchipua, na nyasi iliyonyauka kwa ukame haipokei dawa vya kutosha, hivyo anayenyunyizia vuli iliyokatika mvua anatupa fedha yake.

Kuna hesabu moja ambayo wapinzani wa dawa hizi sijawasikia wakiijibu. Choroko hukomaa kwa siku 60 hadi 75. Chukulia siku 70. Mkulima wa Korogwe aliyechelewa palizi kwa wiki mbili tu, kwa sababu mvua haikukatika au vibarua wote walikuwa kwenye mashamba yao wenyewe, amepoteza moja ya tano ya uhai wote wa zao hilo, na ameipoteza katika kipindi kibaya kuliko vyote, pale mche unapokuwa mfupi kuliko nyasi zinazouzunguka. Kwa mihogo, ambayo hukaa shambani miezi tisa na zaidi, mtu angetarajia nafasi ya kujirekebisha, lakini mihogo huchelewa kufunika ardhi na huhitaji kuwekwa bila magugu kwa takribani miezi mitatu ya mwanzo. Kilichopotea humo hakirudishwi na palizi ya mwezi wa sita. Ufuta nao huanza kwa unyonge sana, kiasi kwamba katika wiki za kwanza huwezi kuuona vizuri katikati ya nyasi, sembuse kuupalilia kwa jembe bila kuung'oa. Kila mtu anahitaji kupalilia wiki zile zile, na ngwe hupanda bei wiki zile zile. Kumwambia mkulima apalilie mapema ni ushauri sahihi ambao mara nyingi hana watu wa kuutekeleza.

Tena kuna jambo la kihistoria ambalo hunikera kidogo. Wakulima wa nafaka walipata dawa yao inayochagua katikati ya miaka ya 1940, pale 2,4-D, inayoua majani mapana na kuacha nyasi, ilipoingia sokoni. Na mahindi, ngano na miwa zote ni nyasi. Mazao ya majani mapana yalisubiri hadi mwishoni mwa miaka ya 1970 na mwanzoni mwa ile ya 1980 kupata dawa hizi za nyasi za kunyunyizia juu ya zao lililokwisha kuota. Huku kwetu, kunde, choroko, karanga na mihogo ni mazao ambayo kwa sehemu kubwa hupaliliwa na wanawake. Msaada umewafikia wakiwa wa mwisho, na sasa wanaambiwa wauache kwa sababu ya makosa ya dawa nyingine.

Kwenye nafaka zenyewe sitetei kwa nguvu hiyo. Kuua nyasi ndani ya mahindi au mpunga ni kutafuta tofauti ndogo kati ya ndugu. Mahindi huvumilia atrazini kwa kuwa huivunja haraka, lakini atrazini hupenya hadi maji ya chini ya ardhi, na hilo ndilo lililoufanya Umoja wa Ulaya uikatae mwaka 2004. Mpunga wa kawaida huvumilia propanili kwa sababu una kimeng'enya cha kuivunja. Mpunga wa porini ni wa ukoo ule ule, na hautengeki kwa dawa ya namna hiyo. Bonde la Mombo au la Ruvu lililojaa mpunga mwitu litabaki kuwa kazi ya mbegu safi, maji na mikono.

Upande wa pili una hoja tatu ambazo haziwezi kupuuzwa, na ya kwanza ni usugu. Mwaka 1982 Australia iliripoti nyasi aina ya Lolium rigidum isiyokufa kwa dawa ya kundi hili, miaka michache tu baada ya kundi lenyewe kuingia sokoni. Karibu mwaka 1990, Malaysia ilikuta hali hiyo kwa Eleusine indica dhidi ya fluazifopu, na hii ni nyasi inayoota kando ya kila njia hapa Tanga, ndugu wa karibu wa ulezi. Dawa haiumbi usugu. Hukuta mimea michache iliyokwisha kuwa nao, huua majirani zake wote, na kuiachia shamba. Na hata bila usugu, anayeua nyasi peke yake msimu baada ya msimu huwafungulia mlango majani mapana na ndago. Ndago hudanganya wengi kwa kufanana na nyasi, ilhali si nyasi: ukisokota shina lake kati ya vidole unahisi pembe tatu, na dawa hizi hupita juu yake bila kuligusa. Kwa hiyo anayedhani amelitupa jembe atalichukua tena. Mimi nasoma hoja hii kama sababu ya kunyunyizia mara moja kwa msimu, kwenye vipande vyenye sangari tu, kisha kumalizia kwa jembe; mwenzangu anaweza kuisoma kama sababu ya kutoanza kabisa, na si mjinga kwa hilo.

Ya pili ni afya, na hapa utetezi wangu hupungua kasi. Katika uainishaji wa Umoja wa Ulaya, fluazifopu-P-butili imo miongoni mwa vitu vinavyoshukiwa kuweza kumdhuru mtoto aliye tumboni, na ni sumu kwa viumbe wa majini. Jiji la Tanga hunywa maji ya Mto Zigi yanayokusanywa katika bwawa la Mabayani, na kingo za mto si mahali pa kuoshea bomba. Lakini linalonisumbua zaidi ni kisamvu. Siku za kusubiri kabla ya kuvuna zinazoandikwa kwenye lebo kwa kawaida huwa zimehesabiwa kwa punje au muhogo wenyewe, ilhali kwetu shamba la kunde ni bustani ya mboga pia, na majani ya kunde na kisamvu huchumwa wiki yoyote, mara nyingi na mtu mwingine kabisa, bibi au mtoto aliyetumwa, ambaye hakuambiwa kwamba jana bomba lilipita. Hakuna lebo inayoweza kulimaliza hilo. Nyumba inayochuma mboga kwenye shamba lile lile, ama itenge mistari ya mboga isiyonyunyiziwa kabisa, ama iiache dawa dukani. Na mwanamke mjamzito asilishike bomba wala asichanganye dawa, hata kama shamba ni lake na dawa kainunua mwenyewe.

Ya tatu ni jinsi dawa inavyouzwa. Baada ya Sheria ya Afya ya Mimea ya mwaka 2020, usajili wa viuatilifu uko chini ya Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu Tanzania, na dawa iliyosajiliwa hufika dukani na lebo yake. Tatizo huanza pale muuzaji anapoifungua lita moja na kuigawa katika chupa za maji ya kunywa ili mwenye fedha kidogo apate cha kumtosha. Ukiacha hatari ya mtoto kuinywa, chupa ile imepoteza jina la zao. Dawa iliyoachana na lebo yake haichagui tena chochote kwa faida ya mkulima, kwa kuwa hajui kama aliyonayo ni ya kuokoa kunde na kuua mahindi, au ya kuokoa mahindi na kuua kunde. Wanaosema wakulima hawajui kutumia dawa wangefaa kuanzia hapa. Mkulima wa Muheza huitambua sangari ikiwa na majani mawili. Asichoweza kutambua ni kimiminika kisicho na jina. Pakiti ndogo za kiwandani zenye lebo ya Kiswahili, za kutosha ekari moja au nusu yake, zingepunguza madhara mengi kuliko katazo.

Kuhusu vibarua, hofu ya kwamba watakosa ngwe ni ya kweli kwa wiki zile chache za palizi ya kwanza, ingawa shamba lililotelekezewa sangari halimlipi kibarua yeyote, wala wakati wa palizi wala wa mavuno.

Yote niliyoyatetea, hata hivyo, yanahusu shamba la zao moja la majani mapana. Sehemu kubwa ya milima ya Usambara hailimi hivyo. Huko mahindi na maharage hupandwa tuta moja, kwa sababu nzuri za chakula na za rutuba, na dawa inayoyaokoa maharage itayaua mahindi yaliyosimama pembeni yake kwa ukamilifu ule ule inavyoiua sangari. Sitamshauri mtu wa Lushoto au Bumbuli aache kuchanganya mazao ili apate kutumia bomba. Angekuwa anabadilisha kilimo kizima kwa ajili ya palizi moja. Kwa shamba la namna hiyo wapinzani wameshinda, na kinachobaki ni kuvichokoa vishina vya sangari kwa uma wakati wa kiangazi, kuvikusanya na kuvianika juu ya mwamba hadi vivunjike, kabla mvua za kupandia hazijaanza.