Kaskazini ya Pate si tupu

Muulize mgeni Lamu inaishia wapi, atakutajia Shela. Mwenyeji wa Amu, yaani mji wa Lamu, akijikaza atafika Faza, kisiwani Pate, au Kizingitini kama ana jamaa huko. Kutoka hapo mazungumzo hugeuka ya usalama: jeshi, msitu wa Boni, mabomu ya kutegwa barabarani. Kile kipande cha pwani kinachopanda kutoka Ndau hadi Kiwayu, Mkokoni, Kiunga na Ishakani mpakani mwa Somalia, wengi wetu tunakijua kwa taarifa ya habari tu. Na sasa kwa kuwa kila anayetazama ramani anaona eneo kubwa lisilo na watu, nimeanza kusikia watu wenye suti wakiliita ardhi ya akiba. Akiba ya nani?

Mpaka wenyewe si wa kale. Kabla ya 1925 Kismayu ilitawaliwa na Waingereza hao hao waliotawala Amu. Mwaka huo wakawakabidhi Waitaliano nchi yote ya Jubaland, kutimiza ahadi waliyowapa ili Italia iingie upande wao katika Vita vya Kwanza vya Dunia. Wabajuni, wenyeji wa pwani hii, hawakuulizwa neno. Watu wa ukoo mmoja wakajikuta wengine visiwa vya Chula, Chovai na Koyama upande ule, wengine Kiunga, Rubu na visiwa vya Pate upande huu. Hata hivyo kwa miaka mingi mstari huo ulikuwa wa karatasini. Kaskazi ikivuma vyombo vilishuka, kusi ikiingia vilipanda, na watu walioana, walizikana na kudaiana kama kawaida. Serikali ya Somalia ilipoanguka 1991, wengi waliokimbilia Lamu kwa mashua walikuwa wanakuja kwa jamaa zao.

Lakini kilichohamisha watu bara ya huku ni vita vya shifta vya miaka ya sitini, vya waasi waliotaka kaskazini-mashariki ya Kenya ijiunge na Somalia. Hili vijana wengi hawalijui, na ndilo lenye uzito kuliko yote. Wabajuni hawakuwa wavuvi tu. Walikuwa na vijiji na makonde upande wa bara, mkabala na visiwa vyao, wakilima kwa mvua na kuimba nyimbo za vave usiku wa kuamkia kuchoma moto mwitu waliofyeka. Mashambulizi yalipozidi walivuka kuja visiwani, wakiacha visima, misikiti na makaburi. Waboni nao, waliokuwa wakitembea msituni kwa kufuata mawindo na asali, wakakusanywa kando ya barabara ya Kiunga, sehemu kama Basuba, Mangai na Mararani. Mwaka 1977 uwindaji ukapigwa marufuku nchi nzima, na mtu aliyekuwa fundi wa upinde akawa mhalifu bila kuondoka alipozaliwa. Mwaka uliotangulia hifadhi za Boni na Dodori zilikuwa zimeshatangazwa. Sina ugomvi na hifadhi. Ugomvi wangu ni na ramani yake, inayoonyesha tembo na haimwonyeshi Mboni.

Maana msitu huo bado uko hai kwa namna ya kushangaza. Mwaka 2010 kamera zilizotegwa huko zilinasa paa nunga kwa wingi, mnyama mdogo ambaye wengi walidhani amebaki Unguja na katika msitu wa Arabuko-Sokoke karibu na Malindi tu. Zilinasa pia sengi, yule mnyama anayefanana na panya mwenye pua ndefu kama mkonga, wa aina ambayo wataalamu hawakuitarajia. Baharini kuna Hifadhi ya Kiunga, iliyoanzishwa 1979: visiwa vidogo vya mawe vilivyopangana sambamba na pwani, nyasi za bahari, kasa wanaopanda mchangani kutaga. Na mikoko ya Lamu peke yake ni zaidi ya nusu ya mikoko yote ya Kenya.

Hapa kuna jambo lisilopendeza kusemwa. Sehemu ya uzima huo imelindwa na hofu. Mjenzi wa hoteli haendi mahali ambapo barabara inalipuka. Lakini bei ya ulinzi huo inalipwa na watu walewale. Septemba 2011 watalii wawili wa Uingereza walivamiwa Kiwayu. Mwezi uliofuata jeshi la Kenya likaingia Somalia, na kwa wavuvi wa Lamu kukaja marufuku ya kuvua usiku. Anayejua jarife, wavu wa kutega, anajua maana yake: nyavu hutegwa jioni na kutolewa alfajiri. Ukimwambia mvuvi awe nyumbani magharibi, umemwachisha kazi. Shule za vijiji vya Waboni nazo zilifungwa kwa muda mrefu, na kijana wa Kibajuni anayetafuta kitambulisho alizoea kuhojiwa ukoo wake kama aliyetoka ng'ambo juzi. (Ami yangu mmoja husema yeye hakuvuka mpaka, mpaka ndio uliomvuka. Anachekesha kila mara, na kila mara sicheki.)

Hofu haitadumu milele, na naomba isidumu. Gati la kwanza la bandari ya Lamu lilifunguliwa Mei 2021, barabara zinachorwa, na siku usalama utakapotulia bei ya ardhi ya Kiunga itapanda kabla hata lami haijafika. Bandari tayari imetufunza namna mambo yanavyokwenda: wavuvi ilibidi waende mahakamani, na mwaka 2018 Mahakama Kuu ikaamuru walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.76 kwa kuwa haki zao hazikuzingatiwa. Kushinda ni jambo jema. Kuulizwa kwanza kungekuwa nafuu zaidi.

Kwa hiyo msimamo wangu si kwamba mpaka ufunguliwe kesho. Ni kwamba kabla ya hati moja ya ardhi kutolewa kaskazini ya Pate, vijiji vilivyohamwa wakati wa shifta viorodheshwe, wazee wanaovikumbuka wakiwa hai. Bado wapo Faza, Ndau na Kizingitini. Wanajua kisima cha nani kiko wapi na mwembe upi uliopandwa na babu yupi. Sheria ya Ardhi za Jamii ya 2016 inaruhusu jamii kusajiliwa na kumiliki ardhi yake, na Waboni wana haki ya kuitumia kama mtu mwingine yeyote. Kinachohitajika ni maafisa wa ardhi wa kaunti kupanda mashua maji yakijaa, wapite mlango wa bahari wa Mkanda, wakae na wazee hao na kuandika. Hawahitaji kwenda Kiunga kwa hilo. Faza kunafikika leo hii.