Uchungu wa Wazazi, Kalamu ya Mtoto

Charlotte Salomon, mchoraji Myahudi aliyezaliwa Berlin mwaka 1917, alikua akiamini kuwa mama yake alikufa kwa mafua. Mwaka 1940, akiwa mkimbizi kusini mwa Ufaransa, bibi yake alijiua. Ndipo babu akamfunulia kwamba mama naye alijiua, na kabla yake mama yake mdogo. Charlotte akashika brashi. Alipouawa Auschwitz, kambi ya mauaji ya Wanazi, mwaka 1943, alikuwa ameacha michoro zaidi ya 700 inayosimulia ukoo wake.

Je, mtoto ana haki ya kuanika uchungu wa wazazi wake katika sanaa? Wanaotetea sanaa ya namna hii husema mficha maradhi kifo humuumbua, nami nawaunga mkono. Wapo watafiti wanaosaka alama za dhiki ya wazazi katika chembe za urithi za watoto, ila ushahidi kwa binadamu bado ni mwembamba. Sihitaji maabara kuamini kwamba kimya hurithiwa: mtoto hujua mapema ni jina gani halitajwi nyumbani, hata kama hajui kwa nini.

Lakini Charlotte alichora marehemu. Art Spiegelman, mchora katuni wa Marekani, alimrekodi baba yake aliye hai, Vladek, aliyenusurika Auschwitz. Mzee alisimulia habari za mpenzi wake wa zamani, kisha akamsihi mwanawe asiziandike. Mwana akaahidi. Habari zikachorwa, na ahadi yenyewe ikachorwa. Vladek alifariki mwaka 1982, miaka minne kabla ya juzuu ya kwanza ya kitabu hicho cha katuni, Maus, kutoka.

Hapa wapinzani wana hoja nzito. Aliyekwisha kunyang'anywa kila kitu ananyang'anywa tena, safari hii na damu yake mwenyewe. Mwana aliona kisa kile kinamrudishia baba ubinadamu wake. Mimi naona ahadi ilistahili kutimizwa. Kilichomuumiza mtoto ni chake kukisema, lakini mapenzi ya ujanani hayakuwa sehemu ya jeraha alilorithi.

Hata hivyo siwezi kusimama upande wa kimya. Mke wa Vladek, Anja, mama yake Art, naye alinusurika kambini, akaandika kumbukumbu zake katika madaftari. Alijiua mwaka 1968. Mumewe, kwa majonzi, akayachoma yote. Mwana alipombana, mzee alikumbuka jambo moja tu: Anja alitamani mtoto wao akikua avutiwe na maandishi yale.