Kabati za ukutani hazikuja na gesi

Nimesoma makala inayodai eti kabati za kujengea ukutani zililetwa Mtwara na kampuni zilizofuata gesi, kabla ya hapo tulitundika nguo kwenye misumari! Mwandishi wake angeingia zile nyumba za mawe za Mikindani, mji mkongwe jirani na Mtwara: vidaka vimo ndani ya kuta zenyewe, wazee waliweka humo taa, vyombo, hata msahafu. Kilichobadilika, nionavyo mimi, ni mbao tu. Mafundi wameacha mninga na mkongo, wanakata MDF (ubao wa nyuzi za mbao zilizoshindiliwa kwa gundi). Kazi inaisha haraka, inapendeza (sibishi), ila kwa unyevu wa pwani na maji ya kudeki, ubao wa chini unafura kama mkate kwenye chai, na bawaba zinaanza kuachia. Wa mitaa ya Ligula na Shangani, Mtwara, nani bado ana kabati la mkongo la enzi za baba yake?