Shida Yangu ni Vidole

Juzi nimeangalia mdahalo wa wakimbizi kwenye tivii ya hapa Ujerumani nikazima kabla haujaisha. Kuna mwandishi mkongwe alikuwa anasimulia kazi yake, visiwa wanakofikia wakimbizi wa boti, Lampedusa kaenda, Lesbos kaenda, eti kazi yake ni kuwa sauti ya wasio na sauti. Jamani! Mimi nawakalimania hao watu miaka mingi sasa na wanaongea mpaka mate yanakauka, tatizo ni wanachoulizwa.

2019 niliitwa kambini nimtafsirie mwandishi mmoja aliyekuja kumhoji kaka wa Bukavu. Swali la kwanza, alijisikiaje injini ya boti ilipozima. La pili, alimwaza nani. La tatu, alilia? Yule kaka akanigeukia: "Dada, mwambie maji ilishapita. Shida yangu ni vidole."

Vidole vyenyewe alipigwa alama Italia, ziko Eurodac, ile hifadhi ya Ulaya ya alama za vidole, kwa hiyo kwa Dublin, sheria ya Ulaya ya kuamua nchi gani ishughulikie kesi ya mkimbizi, kesi ilikuwa ya Italia, na Italia ikishakubali kumpokea Wajerumani walikuwa na miezi 6 ya kumrudisha, ikipita na yeye hajatoroka basi kesi inabaki huku. Aliyaeleza hayo vizuri kuliko baadhi ya mawakili ninaokaa nao. Nikatafsiri neno kwa neno. Mwandishi akaitikia kwa kichwa, kalamu haikugusa karatasi, akarudi kwenye boti.

Ukutani palikuwa na kalenda ya supamaketi, siku zilizopita zote zimekatwa kwa peni nyekundu. Mpiga picha aliipenda hiyo!

Ndo hasira yangu ilipo. Sheria wanaulizwa maprofesa na wabunge, mkimbizi anaitwa mwishoni dakika mbili aje kulia, wakati anayeijua Dublin kwa kuiishi ni yeye. Mkataba mpya wa Ulaya wa wakimbizi umepitishwa 2024 na ile hesabu ya nchi uliyoingilia kwanza imebaki palepale, sasa niambie ni wangapi wenye vidole Italia waliulizwa. Na hayo maneno ya "mafuriko" na "mawimbi" wanayowaitia wakimbizi nayaacha leo, presha yangu haiko sawa.

Haya, nikiri. Juni 2023 meli ya Adriana iliyobeba wakimbizi ilipozama karibu na Pylos, Ugiriki, na watu kama 750, wakapona 104 tu, ni waandishi wabishi waliowabana walinzi wa pwani wa Ugiriki kwa maswali, bila wao tungebaki na maelezo ya serikali. Hiyo nawapa. Ila siku 4 baadaye nyambizi ya Titan iliyokuwa inaenda kutazama mabaki ya Titanic ikapotea na watu 5 na mnakumbuka kamera zilikimbilia wapi.

Basi gazeti likatoka, kalenda imejaa nusu ukurasa, chini imeandikwa anahesabu siku tangu atengane na mke na watoto. Mtu anahesabu miezi 6 ya Dublin! Nikampelekea nakala, akaniomba nimsomee yale maandishi ya chini. Nikamsomea. Akakaa kimya, akaiangalia tena ile picha.

"Mke gani, dada? Mimi sijaoa bado."