Kabla ya machozi, soma rehani

Mtu akiuliza aanze na kitabu gani ili auelewe weupe na ubaguzi wa rangi Marekani, mara nyingi ataelekezwa kwenye "White Fragility" cha Robin DiAngelo. Kilitoka 2018, na baada ya George Floyd, Mmarekani mweusi, kuuawa na polisi Minneapolis Mei 2020 kikapanda juu kabisa kwenye orodha za mauzo. Ni chembamba na kinasomeka haraka. Kwa maoni yangu, hakuna kitabu kibaya zaidi cha kuanzia.

DiAngelo ameendesha semina za maofisini kwa miaka, na kitabu chake kinanuka semina. Anasema Mzungu akiguswa kidogo tu kuhusu rangi hukasirika, hulia, hunyamaza au huondoka. Sawa, hayo yapo. Shida ni kwamba ukibisha, umemthibitishia hoja yake. Ukikaa kimya, umemthibitishia vilevile. Hoja ya namna hiyo haimfundishi msomaji kupima ushahidi. Na ukifika ukurasa wa mwisho bado hujui nani alinyimwa nyumba, kwa sharti gani, na ofisi gani iligonga muhuri.

Mimi ningekupa "The Color of Law" cha Richard Rothstein, cha 2017. Rothstein kashika jambo moja tu, nyumba, na hakuchagua vibaya: kwa familia ya kawaida ya Marekani nyumba ndiyo akiba yenyewe. Inasomesha watoto, inawekwa rehani kufungulia biashara, na mwisho inarithiwa.

Mtambo wenyewe ulikuwa hivi. Kabla ya miaka ya 1930, aliyetaka mkopo wa nyumba alidaiwa karibu nusu ya bei taslimu, na deni lilipaswa kuisha ndani ya miaka michache. Mfanyakazi wa kawaida hakufua dafu. Mwaka 1934 serikali ikaunda idara ya nyumba, FHA (Federal Housing Administration). Idara hii haikumkopesha mtu hata senti. Iliikatia benki bima, kwamba mkopaji akishindwa, serikali italipa. Benki zikalegea: mwanzoni mkopo wa asilimia 80 ya bei kwa miaka 20, na kuanzia 1938 asilimia 90 kwa miaka 25 kwa nyumba mpya za bei ya chini. Yaani kwa nyumba ya dola 5,000 ulihitaji dola 500 mkononi badala ya 2,500. Huo ndio mlango ambao mamilioni walipitia kutoka upangaji kwenda umiliki.

Sasa sharti lake. Mwongozo wa FHA uliwaelekeza wakadiriaji wa thamani ya nyumba waushushe alama mtaa uliokuwa na watu weusi, au hata uliopakana nao, na ukapendekeza hati za viwanja ziwe na kifungu cha kuzuia kuwauzia. Detroit, mwaka 1941, mjenzi mmoja alitaka kujenga nyumba za Wazungu ubavuni mwa mtaa wa weusi akanyimwa bima. Akapandisha ukuta wa zege kati ya mitaa hiyo miwili, kimo cha futi 6 hivi, urefu wa kama nusu maili. Bima ikatoka. Ukuta hadi leo umesimama, sehemu yake imechorwa michoro ya rangi, na watoto wanacheza kando yake.

Kuna kosa moja ambalo waandishi wa haraka hulirudia. Utaona zile ramani za miji zilizopakwa kijani, buluu, njano na nyekundu, kutoka mtaa bora hadi ule wa hatari kwa mkopeshaji. Zilichorwa na shirika jingine la serikali, HOLC, lililowakopesha wenye nyumba walioshindwa kulipa rehani, kwa miji zaidi ya 200 katika nusu ya pili ya miaka ya 1930. Fomu zilizoambatana nazo zilikuwa na nafasi ya kujaza kama weusi wapo na ni asilimia ngapi, na nafasi nyingine ya kutaja ni kina nani "wanaojipenyeza" mtaani. Inatisha, na inapendeza kubandika, ndiyo maana kila makala inazo. Lakini HOLC ilikuwa imeshatoa sehemu kubwa ya mikopo yake kabla ramani hazijakamilika, na weusi walikuwemo kati ya waliokopeshwa. Aliyeufunga mlango kwa miongo ni FHA, kwa mwongozo wake. Kitabu kinachozitwika ramani za HOLC mzigo wote kisome kwa jicho la pembeni.

Waliofungiwa nje waliendelea kutafuta nyumba, na walanguzi walikuwa wakiwasubiri. Beryl Satter ameeleza vizuri sana katika "Family Properties" (2009) jinsi weusi wa Chicago walivyouziwa kwa mkataba: bei imeongezwa mara mbili au zaidi, mnunuzi analipa kila mwezi, hati inabaki kwa muuzaji mpaka senti ya mwisho. Ukikosa mwezi mmoja, unatolewa nje. Ulicholipa kimekwenda, na nyumba inauziwa mwingine kwa mkataba uleule. Matengenezo ya paa na bomba? Juu yako.

Kwetu kuna tatizo la neno. Kile ambacho vitabu hivi hukiita "white privilege" tunakitafsiri kama upendeleo, na upendeleo wa Kiswahili una mpendeleaji: kuna bosi, kuna mpwa wake, kuna kazi iliyotolewa mlango wa nyuma. Ndiyo maana msomaji huuliza haraka, sasa huyu Mzungu maskini nani kampendelea? Ira Katznelson, katika "When Affirmative Action Was White" (2005), anajibu bila bosi wala mpwa. Sheria ya pensheni ya 1935 haikutaja rangi popote. Iliwaacha nje vibarua wa mashamba na watumishi wa nyumbani, na huko Kusini mwa Marekani weusi wengi walikuwa ndio hao. Sheria ya 1944 ya kuwasaidia wanajeshi waliotoka vitani nayo ilikuwa ya wote kwenye karatasi, lakini mkopo ulipitia benki ya mtaani. Mississippi, katika miji 13 iliyochunguzwa kiangazi cha 1947, mikopo 3,229 ya nyumba, biashara na mashamba ilikuwa imedhaminiwa. Wanajeshi weusi walipata 2.

Peggy McIntosh, msomi Mzungu wa Marekani, alijaribu kulielezea jambo hilohilo mwaka 1988 kwa orodha ya mambo 46 anayoyapata bila kuomba. Ni zoezi zuri la saa moja, ila limechanganya mizani: bandeji yenye rangi ya ngozi yako imekaa orodha moja na kupata nyumba mtaa unaoutaka. Mwenyewe aliandika kwamba kuna faida zinazopaswa kuwa za kila mtu na nyingine zinazopaswa kufutwa. Wanaoinakili orodha yake huliruka hilo.

Msomaji wa Kenya ana njia ya mkato. Sheria ya ardhi ya 1915 iliwapa masetla ukodishaji wa miaka 999, na Mwafrika aliyetoka kwenda kutafuta kazi alikuja kuning'inizwa shingoni kipande, yaani kitambulisho cha kazi. "Islands of White" cha Dane Kennedy (1987) kinawatazama masetla wa Kenya na wa Rhodesia ya Kusini (Zimbabwe ya leo) pamoja, na sehemu inayonivutia ni hofu yao ya Mzungu fukara: akionekana anaombaomba, heshima ya wote inashuka, kwa hiyo bora arudishwe kwao.

Hofu hiyo inakuleta moja kwa moja kwa W. E. B. Du Bois, msomi mweusi wa Marekani. "Black Reconstruction in America" (1935) kina kurasa zaidi ya 700, na wengi hukisifu bila kukifungua. Nenda sura ya 16. Hapo anauliza kwa nini kibarua Mzungu wa Kusini, anayelipwa vibaya, hakuungana na kibarua mweusi, na anajibu kwamba alilipwa pia mshahara wa heshima: bustani za umma alikaribishwa, polisi walitoka kwao, mahakama zilimhurumia. David Roediger alikuja kuchukua jina la kitabu chake cha 1991, "The Wages of Whiteness", humo humo. Ukishaimaliza sura hiyo, rudi kwa DiAngelo ukitaka. Machozi ya semina utaona yanalilia mshahara gani.