Mfuko wa Simiti na Waziri Aliyetoka Relini

Pale jeti ya Mokowe, upande wa bara mkabala na kisiwa cha Lamu, huwa nafuata kwa macho mfuko mmoja tu wa simiti. Lori limeushusha. Hamali anautia begani mpaka kwenye mashua, mashua inavuka hadi Lamu, hamali mwengine anaupandisha gatini, kisha punda anaupeleka kwa vichochoro vya Langoni mpaka kwa fundi. Kila anayeushika ana haki yake, na kila haki inaongezwa kwenye bei. Juzi mmoja ulipasuka ngazini, simiti ikamwagika majini. Mwenye mali aliinama akakusanya iliyobaki kwa viganja.

Nikiona hivyo namkumbuka Eric Geddes.

Huyu alikuwa mtu wa reli. Mwaka 1904 aliingia North Eastern Railway, kaskazini mwa Uingereza, na kufikia 1911 alikuwa naibu meneja mkuu. Katika shirika lile walihesabu tani kwa maili: si mzigo umebebwa kiasi gani tu, bali umekwenda umbali gani. Hesabu hiyo humfichua anayejisifu kwa behewa zinazotembea nusu tupu.

Mwaka 1916 Lloyd George, aliyekuwa Waziri wa Vita wa Uingereza, alimtuma Ufaransa, kwenye Vita vya Kwanza vya Dunia. Bandari zilikuwa zimesongamana, mizinga inangoja risasi, na kila mmoja ana lake: huyu bandari, yule reli, mwengine barabara. Geddes aliziweka kazi hizo chini ya usimamizi mmoja, na reli nyembamba zikatandikwa hadi karibu na mahandaki. Kwangu hiyo ndiyo kazi yake kubwa kuliko zote, hata uwaziri.

Uwaziri aliupata 1919, akawa Waziri wa Uchukuzi wa kwanza wa Uingereza. Sheria ya Reli ya 1921 ikaunganisha kampuni zaidi ya mia moja kuwa makundi manne. Lakini simpambi. Kampuni yake ya zamani ilimlipa pauni 50,000 alipoachana nayo, na huyo huyo ndiye aliyekwenda kuzitungia reli sheria. Mwananchi ana haki ya kuuliza hapo. Baadaye kamati aliyoiongoza ilipendekeza kukata bajeti hadi ya elimu, na hilo sitalitetea.

Sasa turudi kwetu. Jiwe la msingi la mradi wa LAPSSET, ule wa bandari, barabara na reli za kuunganisha Lamu na Sudan Kusini na Ethiopia, liliwekwa Machi 2012, na gati la kwanza la bandari ya Lamu likafunguliwa Mei 2021. Magati yapo, maji ni ya kina, meli kubwa inaweza kutia nanga. Reli iliyokuwa ndani ya mpango ule haijafika. Kontena likishashuka linategemea lori, na sisi tulio kisiwani tungali tunabeba simiti begani. Wavuvi walioambiwa wahame maeneo yao ya kuvulia kwa ajili ya bandari hii wanatuuliza faida iko wapi, na mimi sina la kuwajibu.

Waziri wa Uchukuzi akija, hupokewa uwanja wa ndege wa Manda, akapelekwa kuona magati. Namuomba siku moja aanzie Mokowe, alfajiri, maji yakiwa yametoka na ngazi ina utelezi, asimame kando ya hamali ahesabu mfuko mmoja umeshikwa na mikono mingapi.